Bingwa wa Chumba cha Kufulia

Alikuwa akivaa tai kwenda kufua nguo. Hilo ndilo jambo la kwanza ambalo mtu yeyote wa jengo letu la Downsview, hapa Toronto, angekuambia juu yake, na wengi hawakuwa na jambo la pili. Chumba cha kufulia kiko chini kabisa, jirani na mitambo ya kupashia jengo joto. Hakina dirisha, kinanuka sabuni na soksi, na watu hushuka huko na ndala na nguo za kulalia. Yeye alishuka na koti, shati jeupe na tai ya rangi ya maini, kikapu cha nguo mkono mmoja, ubao wa sataranji kwapani. Alitia nguo mashineni, akaifuta ile meza ndefu ya kukunjia nguo kwa leso yake, akapanga kete, akakaa. Akacheza peke yake. Akisha kusogeza kete nyeupe aliinuka, akazunguka meza, akakaa upande wa nyeusi na kuwaza kana kwamba aliyesogeza zile nyeupe ni adui yake.

Tulimwita Bingwa. Wengi walimwita hivyo kwa dhihaka, na mimi pia nilianza kwa dhihaka. Jina lake nalijua vizuri ila sitaliandika, na sababu nitaisema mbele. Wengine wote nitawataja. Mimi ni mtu wa kutaja. Shule iliniacha njiani darasa la nne, kwa hiyo asitafute mtu hapa maneno ya kitabuni, lakini majina ninayo.

Kuna mtu anaitwa Lukale. Alikuwa komanda. Alikuja mtaani kwetu Uvira na watu wake asubuhi kweupe, na walipoondoka sikuwa na kaka tena, na sikio langu la kushoto halijasikia kitu mpaka leo. Nimemtaja Lukale kambi ya wakimbizi Kigoma. Nimemtaja kwa maafisa waliovaa tai na kwa waliovaa fulana, nimemtaja mbele ya mkalimani aliyekuwa akipiga miayo. Waliandika, wakapiga mhuri. Siku hizi Lukale ana hoteli, na hoteli yake ina bwawa la kuogelea. Sawa. Lakini mtu aliyeponea chupuchupu akiyanyamazia majina ya waliomtenda, amewasaidia kufagia. Mimi sifagii.

Siku ya kwanza nilishuka na nguo zangu za kazini. Nafanya kazi ghalani, kwenye nyama za kugandishwa, na nguo zake hazifuliwi pamoja na za nyumbani. Yule mzee akaniangalia nikiangalia ubao. Kiingereza chake kilikuwa kibovu kwa upande wake na changu kibovu kwa upande wangu, tukawa tunakutana katikati. Hapa nakiweka kwa Kiswahili kwa sababu ndivyo nilivyokisikia kichwani.

"Unajua?" akaniuliza.

"Najua dama. Kambini tulicheza kwa vizibo vya soda."

"Dama ni binamu maskini. Kaa, jirani."

Alinifunga kabla mashine yangu haijaanza kusuuza. Akapanga upya, akanifunga tena. Mara ya tatu nikaona nimebakiwa na mfalme na askari wake mmoja, nikaendelea kukimbiakimbia. Akanishika mkono.

"Hapana. Mstaarabu hangoji kuuawa. Akiona imekwisha, anamlaza mfalme wake, anatoa mkono. Hivi." Akamlaza mfalme wangu chali kwa kidole kimoja, polepole, kama mtu anayelaza mtoto. "Huko kwetu hata walevi walifanya hivyo."

Tukawa tunacheza. Sikuwahi kumfunga hata mara moja, nisije nikasifiwa bure. Hakuwahi kumwachia mtu yeyote ushindi. Binti yangu Neema, alipokuwa mdogo, alishuka siku moja na mwanasesere wake akataka kucheza na "babu wa tai". Bingwa akamfunga. Akamfunga tena. Mtoto akaangua kilio mpaka mama yake akashuka na mwiko mkononi.

"We mzee, huna hata haya? Mtoto wa watu!"

"Anasemaje?" Bingwa akaniuliza.

"Anasema ungemwachia."

"Mwambie mama: ukimwachia mtoto ushindi, umemwibia. Hatajua tena lini ameshinda kweli."

Nikatafsiri. Mama Neema akamtazama kuanzia viatu mpaka tai. "Mwambie na mimi namwachia mashine, maana suruali zake zimekwisha kukauka tangu jana na bado zimo ndani ya mashine." Lakini jioni alimpelekea sahani ya maharage. Ndivyo alivyo mke wangu, hutukana kwanza.

Kumbukeni hilo neno lake la kumwachia mtu ushindi. Nitalirudia.

Chakula chake kilikuwa mkate mweusi, kitunguu kibichi na matango ya siki ya kwenye chupa, ambayo aliyanunua kwa Mama Shirini. Mama Shirini ni Mhindi wa Tanga, mjane, ana duka pale kona, na Kiswahili chake kinatushinda sote. Alikuwa akinipigia kelele tangu mlangoni: "Baba Neema! Mwambie Bingwa wa Chumba cha Kufulia matango yake yamefika. Na mwambie asiniguseguse chupa zote, si anachagua mchumba!" Maana Bingwa alikuwa akizigeuza chupa zote rafuni lebo zitazame upande mmoja. Ubaoni vilevile: farasi wake wote lazima watazame kushoto. Ukimgeuza mmoja kwa bahati mbaya, mkono wake unakuja wenyewe kumnyoosha huku anazungumza mambo mengine.

Juu ya farasi alikuwa na msemo. "Farasi wa pembeni ni mgonjwa." Yaani farasi akiwa katikati ya ubao anaruka kila upande, ukimpeleka ukingoni amekuwa kilema. Kila mara nilipopeleka farasi ukingoni alikunja uso kama aliyeuma pilipili. "Mgonjwa, jirani! Muite daktari!"

Safari zake za mashindano sikuwahi kuzisikia kwa mpangilio. Alizikumbuka kwa chakula na kwa baridi. Uholanzi ilikuwa supu ya njegere. Hispania alimfunga bingwa wa nchi nzima akiwa na homa, halafu akatoka akatapika kwenye chungu cha maua cha hoteli, mlinda mlango akadhani amelewa kwa furaha. Kuna mji wa milima aliomaliza wa tatu. Kuna mji wa bandari aliomaliza wa pili pamoja na mwingine, wakagawana zawadi, ambayo ilikuwa redio, ikabidi redio ikae kwa mmoja mwezi huu na kwa mwingine mwezi ujao, na wote wawili wakawa wanaogopa kuigusa isije ikaharibika zamu yao. Nchini kwake alikuwa wa pili mara nyingi kuliko alivyopenda kusema. Ile nchi yenyewe siku hizi haipo tena, imekatwa mapande. Ilikufa yeye akiwa mbali.

Na mabingwa wenzake wa Ulaya, nilivyowaelewa kupitia kwake, hawakuwa watu wa raha kama tunavyodhani. Mmoja alikuwa haendi mashindanoni bila mto wake wa kulalia. Mmoja, mnene, alikuwa akivuma kama nyuki kila alipopata nafasi nzuri, na wapinzani walikuwa wakiyasikiliza mavumo yake kuliko kuangalia ubao. Mmoja, mwanamke, alikuwa akiwafunga wanaume kumi kwa mpigo huku amewapa mgongo, haoni ubao hata mmoja, na mwishoni mwa maisha alikuwa akifundisha hesabu kwa watoto wasiotaka. Mmoja alikutwa amekufa hotelini, sanduku limeshafungwa, viatu vimepigwa rangi.

"Wachache sana wanaishi kwa mchezo huu," alikuwa akisema. "Waliobaki, mchezo unaishi juu yao. Kama kupe."

Toronto alifika akiwa bado na meno yake yote. Alidhani watamkimbilia. Alishinda mashindano ya wikiendi katika ukumbi wa chini wa kanisa fulani, akapewa kombe la plastiki, na Jumatatu yake akaanza kazi kiwanda cha mkate, hapahapa Downsview, akakaa huko hadi kustaafu. Lile kombe alilifanya la kuwekea vibanio vya nguo. Alishuka nalo kufua.

Sasa nitasema kitu kilichotugombanisha, maana si kwamba nilimpenda kila siku.

Alikuwa na namna yake ya kusikiliza shida za watu. Ukimwambia fulani kanifanyia hivi, anakukatiza: "Usiniambie nani. Niambie hatua gani." Kwao ndivyo walivyofundishwa. Mchezo ukiisha, mshindi na aliyefungwa wanakaa pamoja, wanarudisha kete nyuma moja moja mpaka wanapata ile hatua ambapo mambo yaliharibika. Wala hawagombani. Nikimlalamikia msimamizi wangu wa ghala, anauliza hatua gani. Mama Shirini akilalamika jino, hatua gani. Ilikuwa kama mchezo, tukicheka.

Siku moja nikamsimulia Lukale. Sikupanga. Mashine zilikuwa zikilia, naye alikuwa amekaa upande wa sikio langu zima, nikajikuta ninasema. Nilipomaliza alimnyoosha farasi mmoja. Halafu akauliza, kwa upole kabisa:

"Hatua gani, jirani?"

"Hatua gani nini?"

"Kulikuwa na siku ya kuondoka, kabla hawajafika?"

"Siku zilikuwepo nyingi. Nani angejua?"

"Basi ni mojawapo ya hizo."

Nikasimama. Nikamwambia: "Wee mzee, mimi nilikuwa nyumbani kwangu, nakunywa chai. Sikuwa nacheza na mtu. Kuna michezo mtu hachezi, anachezwa. Jina lake ni Lukale. Sema: Lukale!" Hakusema. Nikatoa nguo zangu zikiwa zinachuruzika maji nikapanda nazo, nikilowesha lifti nzima.

Sikumsemesha mpaka theluji ilipoyeyuka. Nikawa nafulia kwenye beseni bafuni. "Mmeachana?" Mama Neema akaniuliza. "Maana hata kufua umehamia kwa wazazi." Mwishowe nilishuka kwa sababu ya blanketi, halifuliki besenini. Nikamkuta. Hakuomba radhi, wala mimi. Alivuta kiti changu kwa mguu, akapanga kete, akanipa nyeupe.

Miaka ikaenda. Neema akakua, akawa anacheza sataranji shuleni, tena vizuri. Ni wale watoto wetu wa huku: unamsemesha Kiswahili, anaelewa kila kitu, anakujibu Kiingereza. Jumapili moja ya theluji, mabasi yamesimama, alishuka mbio na simu yake kumwonyesha Bingwa mchezo waliofundishwa. Ni mchezo wa zamani, mzuri mno, alisema. Mchezaji mkubwa wa nchi kubwa anamtoa askofu wake, mojawapo ya kete kubwa, kafara, bure, na yule mwingine anamla kwa mfalme, kisha mfalme huyo anakimbizwa ubao mzima mpaka anakwisha. Umechapishwa kwenye vitabu vya kufundishia. Aliyefungwa hana jina. Wameweka herufi mbili tu, zile wanazoweka mahali pa mtu asiyejulikana.

Bingwa alikisogeza kile kioo cha simu karibu na macho.

"Naujua," akasema. "Asiyejulikana ni mimi."

Hapo ndipo alipotusimulia. Ilikuwa katika mji mmoja wa chemchemi za maji moto, nchini kwake. Ndiyo mashindano pekee makubwa aliyokuwa akiongoza. Amewafunga watu ambao picha zao zilikuwa kwenye stempu. Imebaki siku moja. Jioni akaja chumbani kwake mkuu wa msafara wao, mtu wa chama. Jina lake Havlas. Bingwa alilitaja mara moja tu, nami nililidaka. Havlas akakaa kitandani bila kukaribishwa, akamwambia kesho utafungwa na mgeni wetu wa nchi kubwa, awe wa kwanza, sisi tunamhitaji awe wa kwanza. Kama fidia, mkeo atapewa pasi ya kusafiria, atakwenda nawe mashindano ya Uholanzi. Hajawahi kuvuka mpaka, sivyo? Aone tulipu.

"Kesho yake," akasema Bingwa, "yule mkubwa akamtoa askofu. Lilikuwa kosa. Aliona vibaya. Mimi nikaona jibu papo hapo." Akapanga kete mezani, haraka, kama mwanamke anayechambua mchele. Akamchukua farasi mweusi, akampeleka ukingoni kabisa mwa ubao. "Hapa. Nikifanya hivi, yeye amekwisha."

"Farasi wa pembeni!" Neema akasema kwa Kiingereza chake, macho yamemtoka.

"Ndiyo. Mara moja tu maishani, pembeni ndiko kwenye uzima. Na mimi nikamla askofu."

Wakampigia makofi yule mkubwa dakika nzima. Na pasi? Mkewe alifika naye mpaka uwanja wa ndege, na sanduku jipya, kofia mpya. Wakamrudisha mlangoni. Havlas alikuwa amesimama palepale anatazama saa.

"Na wewe?" nikamuuliza.

"Nikapanda ngazi za ndege."

Hakurudi tena nchini kwake. Mkewe wakamfukuza kazi ya ualimu. Na huyu aliyetoroka wakamfuta. Ndiyo desturi iliyokuwepo huko: mtu akitoroka, jina lake linatolewa kwenye magazeti, kwenye majedwali ya mashindano, kwenye vitabu. Michezo aliyoshinda haikuchapwa, maana ingebidi kueleza nani alishinda. Ule aliofungwa ukabaki, kwa kuwa ni ushindi wa mkubwa. Kwa hiyo katika kazi yote ya mtu huyu, miaka yote ile ya treni na supu na homa, kitu kimoja tu ndicho ambacho dunia inakijua, nacho ni kile alichokiuza. Na hata hicho hakina jina lake. Watoto wanakisoma shuleni.

Nikamwambia, "Havlas. Huyo ndiye."

"Hatua ni ngazi za ndege," akasema. "Nilikuwa na mguu mmoja chini."

Kuna siku nilimwelewa kwa hilo na kuna siku sikumwelewa. Yeye aliyemliza mwanangu kwa sababu ushindi hauachiwi! Na mke hakuwahi kumtaja tena, sijui hata kama alikuwa na watoto naye. Lakini kitu kimoja nilikiona: tangu Jumapili ile alianza kutaka. Kabla ya hapo hakuwa anataka kitu. Sasa alimuuliza Neema kama zile herufi mbili zinaweza kubadilishwa. Aliuliza kama anauliza habari za hali ya hewa, huku ananyoosha farasi. Alitaka jina lake liandikwe hapo, na pembeni yake iandikwe ile hatua ya farasi, ili anayesoma ajue kwamba aliyekaa upande wa nyeusi aliiona. Basi. Hakutaka kombe.

Neema akamwandikia mtu mmoja wa hapa mjini anayeandika habari za sataranji mtandaoni. Anaitwa Trevor. Trevor akaja, na ndevu zake, akashuka chumba cha kufulia, akakaa kwenye kiti changu. Bingwa siku hiyo alikuwa amenyoa mpaka akajikata. Akasimulia kila kitu, hata Havlas, hata kofia ya mkewe, mambo ambayo kwangu alichukua miaka. Akamwonyesha ile hatua. Trevor akatoa simu, akaiuliza mashine iliyomo humo, mashine zinazocheza kuliko watu wote. Akatikisa kichwa kwa mshangao.

"Ni kweli," akasema. "Farasi pembeni, nyeusi inashinda. Hakuna aliyewahi kuliandika hili."

Nilimwona Bingwa anavuta pumzi. Haki ya Mungu, nilidhani imekwisha, tumeshinda.

"Lakini," Trevor akasema, "hii inaonyesha kwamba hukuiona. Haionyeshi kwamba uliiona ukaiacha. Unanielewa, mzee? Kila mtu baada ya kufungwa anaiona."

Mashine ya kukausha ilikuwa ikizunguka na kifungo cha chuma ndani yake, ka, ka, ka. Bingwa akasema, "Nakuelewa."

Nikasema, "Yupo Havlas! Mtafute Havlas!"

"Havlas atakuwa amekufa, kaka," Trevor akaniambia, akacheka kidogo.

Akaandika. Neema alinisomea. Kichwa cha habari kilisema kuna mzee Toronto anayedai yeye ndiye Asiyejulikana. Jina lake likawekwa hapo, kamili, mara ya kwanza baada ya miaka yote, na chini yake watu wakawa wanacheka. Mmoja aliandika babu yake naye ndiye aliyekuwa yule askofu. Kuhusu farasi, wakasema Trevor amegundua hatua nzuri sana. Wanaiita ya Trevor hadi leo.

Bingwa hakuwa na simu ya namna hiyo, lakini nani hakumwambia? Siku iliyofuata alishuka na tai yake, akapanga, akanipa nyeupe. Katikati ya mchezo akasema, "Jirani, jina langu usilitaje tena kwa mtu. Walilifuta vizuri. Sasa limechafuliwa."

Ndiyo sababu. Siyo kwamba nimesahau.

Baada ya hapo sina mengi. Meneja wetu wa jengo, anaitwa Glenn, aliiondoa ile meza. Alisema wapangaji wanalalamika kuna mtu anakaa chumba cha kufulia siku nzima. Wapangaji gani? Mimi ni mpangaji. Mama Neema alimfuata ofisini akamwambia alete huyo aliyelalamika, Glenn akasema ni siri. Bingwa akawa anacheza kwake juu ya ubao wa kupigia pasi. Nilimtembelea, nikaona chupa za matango, baadhi tupu, nyingine hazijafunguliwa, na lebo zimetazama ukutani. Siku moja akasahau sufuria jikoni, moshi ukajaa ghorofa nzima, zimamoto wakaja. Glenn alikuwa na sababu yake sasa. Wakaja watu wa kupima, wakamuuliza leo siku gani, rais wa nchi yake nani. "Nchi ipi?" akawauliza. Wakaandika kwamba hajui. Wakampeleka nyumba ya wazee huko Malvern.

Malvern kutoka kwetu ni treni na mabasi, na Jumapili mabasi yanakuja yanapotaka. Nilikwenda nilipoweza. Mara ya mwisho ilikuwa mwaka huu, majira ya kuchipua, tope la theluji bado barabarani. Mama Shirini alinipa chupa ya matango. "Mwambie haya nimeyachagua mimi," alisema, "aone anavyosumbua watu." Halafu akaingia ndani haraka.

Nilimkuta ukumbini. Fulana ya michezo, ya bluu, si yake. Tai hakuna. Ilikuwa saa ya burudani, na dada mmoja wa shughuli, mama mtu mzima mwenye sauti nzuri, alikuwa ametandika ubao mkubwa mezani, wazee wamezunguka kwenye viti vyao vya magurudumu. Alikuwa na kitabu. Alikuwa anawaonyesha, hatua kwa hatua, mchezo mzuri wa zamani ili kuchangamsha akili. Nikasogea. Sikuhitaji kusoma. Nyeupe alikuwa amemtoa askofu.

"Haya, wapendwa," yule dada akasema, "nyeusi afanye nini sasa? Nani anajua? Bwana, wewe unajaribu?"

Bingwa alikuwa anaangalia ubao. Mkono wake ukatoka kwenye mkono mrefu wa ile fulana, ukamchukua farasi mweusi. Akampeleka pembeni. Akamnyoosha atazame kushoto.

Nikapenya katikati ya viti mpaka mezani.

"Vizuri sana, umejaribu vizuri!" dada akasema, akakiangalia kitabu. "Lakini huyu hapa alimla askofu kwa mfalme. Tumfuate, eti?"

Nikasema kwa sauti, "Dada, aliyecheza nyeusi ni huyu. Ni yeye!"

Akanitabasamu kwa huruma, yale macho ninayoyajua tangu Kigoma. "Kila mmoja hapa alikuwa mtu mkubwa, kaka," akasema. Na hakusema kwa ubaya, ndiyo maana jina lake sikuliuliza.

Bingwa alishamrudisha farasi. Akamla askofu kwa mfalme, kama kitabu kinavyotaka. Akaendelea yeye mwenyewe hatua zote zilizobaki, nyeupe na nyeusi, bila kuambiwa, mpaka pale mwisho. Kisha akaweka kidole juu ya kichwa cha mfalme mweusi, akamlaza, polepole. Dada akapiga makofi. Wazee wakapiga makofi, wengine hawajui ni ya nini.

Walipowapeleka kwenye chai nilivuta kiti, nikakaa upande wake nikamwekea ile chupa mapajani. Akaigeuza lebo imwelekee. Sijui kama alinijua. Aliniita jirani, lakini nilimsikia akimwita hivyo na mwanamume wa kufagia.

"Bingwa," nikamwambia, "Havlas mwana wa haramu. Havlas ndiye."

Akafikiri. Alifikiri kweli, uso ule ule wa mezani.

"Havlas," akasema, "ni nani?"

Nikamtazama. Hakuwa anatania. Jina lilikuwa limetoka, limekwenda zake, Havlas ametoka mlangoni bila mtu kumshika. Farasi alibaki.

Wakaja kumchukua na yeye. Nikabaki na ubao. Nikazirudisha zile kete nyuma kwa kukumbuka, mpaka pale askofu alipotolewa, sina hakika kama zote zilikuwa sawasawa, nikamchukua farasi mweusi nikampeleka ukingoni, nikamwacha hapo, anatazama kushoto. Nikasimama kuvaa koti. Nilikuwa bado natafuta mkono wa pili wa koti alipokuja mhudumu na boksi, akazisukumia zote ndani kwa kiganja, akafuta meza, maana ilikuwa karibu saa ya chakula.